Neno Nikteni na Ngiri ya Mzee Masaka

Vijana wangu, mmenikalisha kwenye kiti chenye mto, mmenipa chai ya maziwa, halafu mnaniuliza enzi za Mdachi tulikuwa tunawatibuje watu bila sindano zenu na vidonge vyenu vya rangi rangi. Nitawaambia. Ila mnivumilie, maana kichwa changu siku hizi kinaruka kama panzi, na siwezi kuanza mwanzo nikaishia mwisho.

Mimi ni Ndahani, Mgogo wa hapa hapa. Nilisoma shule ya serikali ya Wadachi, nikajua kuandika, kuhesabu na Kijerumani cha kuombea maji. Reli ilipokwisha kufika Dodoma wakajenga nyumba ya mawe yenye baraza na paa la bati, si mbali na boma, wakaiita hospitali. Daktari mmoja, mfunga vidonda mmoja kutoka pwani, na mimi. Daktari tulimwita Bwana Miwani, kwa sababu upepo wetu wa vumbi ulimfanya afute miwani yake kutwa nzima. Kiswahili chake kilikuwa cha kubabaisha, Kigogo hakujua. Kwa hiyo akisema yeye, nasema mimi. Mgonjwa akisema, nasema mimi tena. Jioni koo lilikuwa linaniuma kuliko mikono.

Msidhani kazi ya mkalimani wa hospitali ni rahisi. Wiki yangu ya kwanza aliletwa mzee aliyeangukiwa na boriti ya tembe lake, mguu umevunjika, mfupa unaonekana. Daktari akaniambia, muulize hali yake. Nikamwamkia kama nilivyofundishwa nyumbani. Mzee akaitikia vizuri, akasema yeye hajambo, watoto hawajambo, na ng'ombe hawajambo. Nami nikamwambia daktari: anasema hajambo. Bwana Miwani akautazama ule mfupa, akanitazama mimi, akauliza kama mzee amepoteza fahamu. Ilibidi nimweleze kwamba kwetu salamu hairudishwi na malalamiko. Kwanza unakuwa mzima, ndipo unaanza kuumwa. Kwa hiyo, nyinyi wauguzi, mgonjwa akikwambia hajambo usimwandikie kitu. Kaa chini, ngoja. Ugonjwa unakuja baada ya salamu.

Yule mfunga vidonda aliitwa Mzee Feruzi. Alikuwa mtu mfupi, Mwislamu wa pwani aliyekuja bara na misafara, akaoa Mgogo, hakurudi tena. Huyo ndiye aliyenifundisha kazi. Alinifundisha kufunga bendeji kuanzia chini kwenda juu, na kuacha vidole nje ili nione kama vinabadilika rangi. Alinifundisha kunusa kidonda kabla sijakitazama, kwa sababu pua inajua mapema kuliko jicho. Bendeji hatukuzitupa. Tulizifua, tukazichemsha kwenye pipa, tukazianika barazani, na mbuzi wa jirani alikuwa anazila. Mzee Feruzi alimfukuza mbuzi yule kwa matusi ya Kiarabu, halafu anaomba radhi kwa Mungu, halafu mbuzi anarudi.

Alikuwa na jambo moja alilolirudia mpaka likanichosha. "Ndahani, ukifasiri, mwache mgonjwa akurudishie ulichomwambia. Akisema kwa mdomo wake ndipo utajua kimeingia nini." Nilikuwa kijana, nimesoma, najua Kijerumani. Nilimwona mzee asiyejua kusoma ananifundisha mambo ya lugha. Nikawa nasema ndiyo, mzee, na sifanyi.

Sasa nifike kwenye neno lenyewe.

Wadachi wana neno, nüchtern. Sisi tulilitamka nikteni, na nitalisema hivyo hivyo, maana meno yangu hayatoshi kulisema kwao. Mimi neno hili nililipata kabla ya hospitali, nilipokuwa karani mdogo bomani. Kila Jumatatu asubuhi sajini mmoja Mdachi alikuwa anawapanga askari mstari, anapita mbele ya kila mmoja, anainama kunusa mdomo wake, anauliza kwa sauti ya kupasua ngoma ya sikio: "Nikteni?" Askari anaitikia: "Nikteni!" Mwenye harufu ya pombe anatolewa pembeni, na kinachofuata mnakijua, kiboko. Nikaliweka neno lile kichwani mwangu na maana yake: mtu ambaye hajalewa. Na sikukosea. Ndiyo maana yake. Shida ni kwamba lilikuwa na maana nyingine, na hiyo hakuna aliyenionyesha.

Bwana Miwani alipotaka kumpasua mtu aliniambia, "Mwambie kesho aje nikteni." Nami namwambia mgonjwa, kesho usije umelewa. Mara ya kwanza alikuwa mtu aliyeungua, hawezi kumeza hata mate. Hakula, mambo yakaenda sawa. Mara ya pili alikuwa mwenye duka mjini, mtu wa swala tano, mwenye jipu kubwa mgongoni. Nilipomwambia asije amelewa, alinyanyuka kwenye benchi na jipu lake. "Mimi? Uniambie mimi niache pombe? Baba yako ananijua!" Nikasema, mzee, ni amri ya daktari, si yangu. Alikuja kesho yake amenuna, na kwa bahati ulikuwa mwezi wa Ramadhani, na alikuwa amefunga. Mambo yakaenda sawa tena. Kosa langu likalala pale miezi mingi, limenona, na mimi natembea kifua mbele.

Ndipo akaja Mzee Masaka.

Alikuwa mfugaji wa upande wa Chamwino, mtu mrefu, masikio yametobolewa na kuning'inia, na kicheko kinachosikika kabla hajaonekana. Alikuwa na ngiri. Utumbo ulikuwa umemshukia kinenani, uvimbe kama kibuyu kidogo, na akikohoa ulikuwa unaongezeka. Alitembea ameushika kwa mkono. Pamoja naye alikuja mkewe, Mama Nyendo, mwanamke mwembamba asiyesema sana, na aliposema watu walinyamaza.

Daktari alimpima, akaniambia: "Mwambie utumbo huu siku moja utajisokota pale nje, na ukijisokota atakufa kwa siku mbili tatu, kwa maumivu makali. Nikiupasua sasa atapona."

Nikafasiri. Mzee Masaka akacheka. "Mwambie mimi nimepigwa pembe na fahali mara mbili. Kisu chake ni kidogo."

Lakini nilijua hakucheka moyoni. Wakati ule hakuna Mgogo mwenye akili zake aliyelala kwenye meza ya Mdachi kwa hiari. Watu walisema wakikulaza wanakutoa mafuta. Wazee wa kijijini kwake walikuwa wamemwambia wazi: nenda wewe, sisi tutaona unarudije. Nyuma yake kulikuwa na watu wengi wenye ngiri, wenye mabusha, wenye vidonda, wanangoja kuona. Bwana Miwani alilijua hilo pia. Alimshika Mzee Masaka bega, jambo ambalo Wadachi hawakulifanya mara nyingi, akasema, "Kesho kutwa asubuhi. Aje nikteni."

Nikamgeukia mzee. "Baba, kesho kutwa asubuhi uje. Lakini usinywe pombe. Hata tone."

Kicheko kikakatika. "Hata tone?"

"Hata tone. Daktari amesema."

"Mwanangu, kesho ni sherehe ya mpwa wangu, pale kijijini Kikuyu. Pombe ya mtama imepikwa siku saba. Mimi ndiye mjomba."

"Baba, ukinywa hatakupasua."

Mama Nyendo akasema, "Hatakunywa." Basi, ikawa imeamuliwa.

Na kweli hakunywa. Nilisikia baadaye kwamba alikaa kwenye sherehe ile kutwa nzima, kibuyu kinapita mbele yake, mikono ameikalia. Watu walimcheka, wakamwimbia nyimbo za kumkejeli, mpwa mwenyewe akaudhika. Hakunywa. Na mkewe kwa kumhurumia, asubuhi ile ya kupasuliwa, aliamka akamsongea ugali wa uwele, sahani kubwa, na mlenda, na maziwa ya mgando juu yake, ili mumewe asiingie kwenye kisu na tumbo linalolia. Akala akamaliza. Wakaja hospitali wanatembea polepole, yeye ana fahari kama mtu anayekwenda kuoa. Akanipumulia usoni. "Nusa! Nusa mwenyewe!"

Nikanusa. Hakuna pombe. Nikamwambia Bwana Miwani: nikteni.

Nyinyi mnatumia mitungi na mashine. Sisi tulikuwa na kichungi cha waya kilichofunikwa kitambaa, kinawekwa juu ya pua, na chupa ya klorofomu. Mzee Feruzi ndiye aliyedondosha, tone moja moja, kwa subira, kama mtu anayehesabu tasbihi. Ndiyo ile nusukaputi, jina mnalolitumia mpaka leo. Mgonjwa anaambiwa ahesabu kwa sauti, akinyamaza amelala. Mzee Masaka alikataa kuhesabu, akasema ataita ng'ombe wake. Akaanza kuwaita mmoja mmoja, yule mwekundu, yule mwenye baka jeupe, yule aliyevunjika pembe, sauti inazidi kuwa nzito, mpaka kwenye ng'ombe wa tisa akanyamaza.

Daktari hata hakuwa amegusa ngozi kwa kisu. Nilisikia sauti kooni mwa mzee kama ya maji yanayoingia kwenye chungu. Tumbo likapanda, mdomo ukajaa. Ugali wote ule, mlenda wote ule. Ulitoka, na mwingine ukarudi ndani kwenye njia ya pumzi, na yeye amelala, hawezi kukohoa.

Mzee Feruzi alitupa kichungi, akamgeuza kichwa. "Inua miguu ya meza! Inua!" Nikainua, sijui nilipata wapi nguvu. Bwana Miwani akamvuta ulimi kwa koleo, Mzee Feruzi akaingiza vidole kooni akachota, akachota, mlenda unateleza, unakwepa vidole. Uso wa mzee ukawa wa rangi ya majivu, kisha midomo ikawa ya bluu. Daktari akapanda juu ya meza kwa magoti, akashika mikono ya mzee, akawa anaiinua juu ya kichwa na kuishusha, anamkandamiza mbavu, anainua, anakandamiza. Jasho lilimdondoka kwenye miwani, na kwa mara ya kwanza nilimwona haifuti. Mimi nimeshika meza, nayatazama yale makombo ya uwele sakafuni. Nilijua ni chakula. Sikuelewa bado kwamba kosa ni langu.

Akakohoa. Mara moja, kisha mara nyingi. Hakuna wimbo nimewahi kuusikia mtamu kama kile kikohozi.

Alipokwisha kupumua vizuri, Bwana Miwani alitoka nje barazani kwa hasira. Mama Nyendo alikuwa amekaa chini, amesikia kila kitu kupitia dirishani. Daktari akapiga kelele kwa Kijerumani: "Nilisema nikteni! Nilisema! Amekula kama fahali! Alitaka kufa mezani kwangu?"

Pale ndipo nilipoelewa. Lilikuja kama maji baridi mgongoni. Nikteni, tumbo tupu. Mtu ambaye hajatia kitu kinywani tangu alipoamka.

Mama Nyendo alisimama. Akasema kwa Kigogo, taratibu, bila kuniondolea macho: "Mwambie mume wangu hakunywa. Wewe ulituambia pombe. Chakula hukukitaja."

"Anasema nini?" daktari akauliza.

Vijana, nimefanya makosa mengi kazini. Nimewahi kufunga bendeji mguu mzima nikaacha mbovu. Lakini hayo yalikuwa makosa. Nilichofanya pale hakikuwa kosa. Nilijua vizuri alichosema. Nikakiona kiboko, nikaiona kazi yangu inaondoka, nikamwambia daktari: "Anasema anaomba msamaha."

Bwana Miwani akapumua. "Basi. Mwambie mumewe akipona kifua, aende nyumbani. Simpasui mtu anayenidanganya."

Na hilo nililifasiri neno kwa neno, sikukosea hata kidogo.

Siku zilizofuata mzee alipata homa ya kifua. Kile kilichoingia kwenye mapafu kilimchoma. Nilimgeuza ubavu, nilimpangusa, nilimnywesha uji kwa kijiko. Alikuwa ananishukuru. "Mwanangu, wewe una mikono ya mama." Akaniuliza kama daktari ameshafurahi, maana yeye alijitahidi sana kuhusu pombe. Nikatoka nje, nikaenda nyuma ya pipa la bendeji, nikakaa.

Mzee Feruzi akanifuata. Alikuwa anakamua bendeji, hakunitazama. "Mke wangu ni Mgogo," akasema. "Tuna miaka kumi na saba ndani ya nyumba moja. Unadhani tunaongea kwa ishara?"

Akakamua bendeji nyingine.

"Nilikuwa mlangoni. Nilisikia alichosema yule mama. Hakuomba msamaha."

"Utamwambia daktari?"

"Mimi?" Akaanika bendeji moja, akainyoosha vizuri. "Mimi si mkalimani. Mkalimani ni wewe." Akaenda zake. Hakunikaripia hata kwa neno moja, na afadhali angenikaripia.

Nilikwenda kwa Mama Nyendo. Alikuwa jikoni, pale nyuma walipopikia ndugu wa wagonjwa. Nikamsalimia, "Mbukwenyi," akaitikia. Nikapiga magoti kwenye vumbi. Nikamwambia kila kitu, neno lilivyo, nilivyolipata kwa askari, na kwamba siku ile nilimwekea mdomoni msamaha ambao hakuuomba.

Alikoroga uji wake muda mrefu.

"Kwa hiyo yule Mdachi anadhani mume wangu ni mwongo."

"Ndiyo, mama."

"Na mimi nilimwomba radhi kwa uongo huo."

"Ndiyo, mama."

Akaepua chungu. "Inuka. Twende nikaseme tena. Na mara hii useme yote. Usikate hata mkia."

Tukaenda. Bwana Miwani alikuwa mezani anaandika. Mama Nyendo akasimama mbele yake kama alivyo, na masizi mikononi, akasema. Nami nikasimama kando nikafasiri, sentensi moja moja, kwa Kijerumani, kama kwamba mimi ndiye yeye.

"Mume wangu hakukudanganya. Aliambiwa asinywe pombe, na hakunywa, ingawa walimcheka mbele ya ukoo wake. Chakula hatukuambiwa. Chakula nilimpikia mimi kwa mkono wangu, na nusura nimuue kwa mkono huo." Kisha akanyoosha kidole kwangu. "Mkalimani wako hajui lugha yako. Akajua amekosea, akaogopa. Mkalimani wako ni mwongo."

Nikasema kwa Kijerumani safi: "Mkalimani wako ni mwongo."

Daktari alivua miwani. Bila miwani alikuwa kijana, hakunipita sana miaka. "Wewe ulidhani nikteni ni nini?"

Nikasimama wima, nikamwigiza yule sajini, nikainama kunusa mdomo wa askari asiyekuwapo, nikasema: "Nikteni?" Kisha nikajibu: "Nikteni!"

Alinitazama. Nilingoja aite askari. Siku zile mtu alichapwa kwa kosa dogo kuliko hilo, msije mkadanganywa na uzee wangu mkadhani ulikuwa utawala wa watu wapole. Nilikuwa nimekwisha kukaza mgongo.

"Kwetu," akasema polepole, "neno hili lina milango miwili. Wewe uliingia kwa mlango wa kilabuni. Sisi madaktari tunaingia kwa mlango wa jikoni." Akafuta miwani, akaivaa, akaivua tena. "Nimelitumia neno hili na wewe mwaka mzima. Nimekuuliza mara ngapi kama unalijua?"

"Hata mara moja, Bwana."

"Hata mara moja," akasema.

Akainuka, akaenda mbele ya Mama Nyendo, akasema kwa Kiswahili chake kibovu, "Mama, samahani. Mimi nimekosa. Huyu pia amekosa." Mama Nyendo Kiswahili hakukijua. Akanigeukia mimi, mwongo, nimfasirie. Nikamfasiria. Akafikiri, kisha akasema: "Mwambie nimesikia." Hakusema amesamehe. Nikafasiri hivyo hivyo, amesikia, na daktari akaitikia kwa kichwa.

Adhabu yangu ilikuwa kufua bendeji mwezi mzima na kugombana na yule mbuzi, na nafasi yangu ya kufasiri akaishika Mzee Feruzi kwa Kigogo chake cha jikoni, ambacho wagonjwa walikicheka lakini walikielewa. Niliporudi kazini nilikuwa mtu mwingine. Neno nikteni sikulifasiri tena kamwe. Nilifasiri kinachotakiwa kufanywa. Tena si kwa kusema tu "usile", maana kwetu kula ni ugali. Mwambie Mgogo asile, atakunywa maziwa, atatafuna karanga, atakunywa uji, na ataapa kwamba hajala, na hasemi uongo. Kwa hiyo unavitaja vyote. Ugali usile. Uji usinywe. Maziwa usinywe. Karanga usitafune. Maji usinywe. Pombe usinywe. Tangu jua linapozama mpaka daktari akuambie mwenyewe. Halafu unanyamaza, na yeye anakurudishia vyote kwa mdomo wake, kimoja kimoja. Na asubuhi usimwulize "umekula?" Muulize "umekula nini?" Hapo ataanza kukumbuka.

Mzee Masaka alipopona kifua alikwenda nyumbani, na sote tulidhani hatutamwona tena. Nani angerudi? Mvua zikapita, mtama ukavunwa. Asubuhi moja nikasikia kicheko barabarani kabla sijamwona mtu. Ameshika kinena, na mkewe nyuma yake.

"Nimekuja," akasema. "Mke wangu amesema Mdachi yule akikosea anasema. Mtu wa hivyo anaweza kunipasua."

Nikampa masharti, nikavitaja vyote. Akavirudia kimoja kimoja kwa vidole. Alipofika mwisho akakunja uso. "Na pombe pia?"

"Na pombe pia, baba."

"Kwa hiyo mwaka jana pombe niliacha kwa haki?"

"Uliacha kwa haki."

"Afadhali," akasema. "Mpwa wangu mpaka leo hasemi na mimi."

Akalala mezani. Mzee Feruzi akadondosha. Ng'ombe wakaitwa, na mara hii walikuwa wengi zaidi, akafika wa kumi na tatu. Bwana Miwani akapasua, akaurudisha utumbo mahali pake, akashona. Mimi kazi yangu ilikuwa kushika taa ya karabai karibu na jeraha, na kutazama midomo yake. Ilibaki na rangi yake mpaka mwisho.

Aliamka polepole. Kwanza alitapika maji matupu, tukampangusa. Akalala tena. Jua lilipoanza kuinama alifungua macho, akatazama dari, akanitazama mimi, akamtazama daktari aliyekuwa amekaa kwenye kigoda kando ya kitanda na hajala tangu asubuhi yeye pia. Midomo ya mzee ikasogea. Nikainama. Alisema neno moja tu la Kigogo.

"Nzala."

Ni njaa, vijana. Nikageuka na kufungua kinywa changu nimfasirie daktari, lakini akaninyamazisha kwa mkono. Alikuwa amekaa katika nchi hii misimu ya ukame ya kutosha, na neno hilo alikuwa amelisikia kwa kila mtu aliyepita barazani pake.

"Hilo nalijua," akasema, akainuka, akatoka mwenyewe kwenda jikoni kumwita Mama Nyendo.